Tivii Isiyotetemeka

Jumatatu, 4 Agosti 2025

Binti yangu Kasiva amepiga simu. Anakuja Jumamosi, na atakaa wiki nzima! Shule zimefungwa, mama yake amekubali. Nimeruka hadi nikagonga kichwa kwenye rafu.

Halafu nikakaa chini kufikiri, na hapo ndipo furaha yangu huharibika. Amesema anataka tumalize ligi yetu. Tumalize! Nikaelewa papo hapo. Anataka kuifunga ile ligi ya mpira iliyo kwenye mashine yangu kuukuu ya gemu, kisha awe anacheza kwa Bonface bila kunionea huruma.

Bonface ndiye aliyemuoa Nzisa, mama Kasiva. Nzisa aliniacha baada ya mradi wa sungura, ambao sitauzungumzia humu. Bonface anafanya kazi kiwandani Athi River. Ni mpole, hanywi, husalimia watu kwa mikono miwili. Simpendi kabisa. Na ana tivii ya hertz mia na ishirini! Likizo ya Aprili Kasiva alisema kwamba kwa Uncle Bonface mpira hautetemeki. Alisema hivyo tu, akaendelea kula. Mimi sijalala vizuri tangu siku hiyo.

Jumanne, 5 Agosti

Nimesoma habari za hertz kwenye simu hadi bando ikaisha. Ni mara ngapi picha inabadilika kwa sekunde moja. Tivii yangu, sitini. Ya Bonface, mia na ishirini. Maana yake, kwa kila picha moja mtoto anayoiona kwangu, kule anaona mbili. Mimi ni baba nusu! Imeniuma kuliko nilivyotarajia.

Mpango: kwenda kwa Mudi, mwenye duka la vifaa karibu na msikiti. Nampa mashine na tivii za zamani, ananipa mpya, namwongezea juu. Cha kuongezea kinatoka kwa mbuzi wetu wa kijijini Kalama. Ni mbuzi wa marehemu mama, najua. Lakini mama alimpenda Kasiva kuliko mbuzi yeyote. Kasiva amerithi jina lake, kama desturi yetu Wakamba, ndiyo maana mimi humwita binti yangu mwaitu, yaani mama. Mwaka jana nilimzika mmoja. Huyu wa pili siwezi kumpoteza kwa sababu ya tivii.

Alhamisi, 7 Agosti

Ushindi! Mbuzi ameenda sokoni, tivii na mashine mpya zimekuja nyumbani.

Mudi alinionyesha tivii mbili. Ya kwanza bei ya mwananchi, na kwenye boksi 120 kwa tarakimu kubwa kama sahani. Ya pili bei ya kuumiza. Mudi akasema nisidanganyike, ile namba ya kwenye boksi ni majigambo ya waliotengeneza, ndani ni sitini ileile. Nikacheka. Mimi ni broka wa nyumba! Mwenye mali akikuambia cha rahisi hakifai, anakusukuma kwenye cha ghali. Hata mimi huwaambia wateja hivyo. Akaapa wallahi. Nikamwambia aniwekee ya kwanza na asinichezee akili.

Alitaka kufuta vilivyomo kwenye mashine kuukuu mwenyewe. Nikakataa, nisije nikaonekana mshamba. Iliniuliza mara mbili kama nina uhakika. Mashine, kuniuliza mimi! Nikabonyeza ndiyo, nikabonyeza ndiyo. Na hapo ndipo penye ujanja wenyewe. Ligi ikishafutika haiwezi kumalizwa. Itabidi tuanze upya mimi na yeye, na ligi kama ile huchukua miaka. Atakuja kila likizo hadi amalize chuo.

Nimerudi nyumbani napiga mluzi.

Ijumaa, 8 Agosti

Majaribio. Nimemwita jirani yangu Kavutha, anayeuza muthokoi, mahindi yaliyokobolewa na maharagwe, pale nje, aje aseme kama mpira unatetemeka. Akakaa, akatazama sana. Akauliza ni timu gani zinacheza. Nikamwambia aache timu, atazame mpira. Akasema anauona, ni mweupe. Nikamuuliza kama unateleza. Akasema uwanja ukiwa na maji lazima uteleze. Akaenda kugeuza sufuria yake.

Mimi naona unateleza. Nikikaza macho, naona kabisa.

Jumamosi, 9 Agosti

Nimempokea stendi. Amerefuka. Ana miguu ya mama, mirefu na ya haraka. Njia nzima alikuwa anacheka, na nilifurahi kiasi kwamba niliwasalimia hata watu wanaonidai kodi waliyonilipa kwa nyumba ambazo hazikuwa zangu.

Kufika nyumbani, kabla hata ya chai, akafungua begi na kutoa kitambaa cha kichwa cha mama. Kile cha bluu. Akakifunga kichwani, akakaa kwenye mkeka, akachukua padi ya kuchezea. Mimi nimesimama kando ya tivii kama mchungaji siku ya harambee. Nangoja aseme kitu kuhusu picha.

Akatafuta kidogo. Akatafuta tena. Kisha akauliza, "Papa, Susu ako wapi?"

Susu ni nyanya kwetu. Lazima niandike hili vizuri. Mwaka wake wa mwisho, miguu ilipokataa, mama alikuwa anakaa kati yetu hapo kwenye mkeka. Siku moja akadai naye aingizwe uwanjani. Kasiva akamtengeneza: Susu, mshambuliaji, jezi tisa. Alikuwa na kipara kwa sababu gemu haina vitambaa vya kichwa, na mama alilalamikia kipara hicho hadi hospitalini. Lakini alifunga mabao! Lilibaki bao moja tu awe mfungaji bora wa ligi yote. Halafu akafa, na Kasiva hakutaka tena kuigusa ile mashine.

Ilibaki kidogo nimjibu Susu yuko kaburini Kalama. Nikasema mashine ni mpya.

Akaniambia alikuwa amejiandaa. Sasa anaweza. Alitaka tulifunge lile bao pamoja, yeye na mimi, basi. Hicho ndicho alichotaka kumaliza.

Nikamwambia lakini hii haitetemeki.

Akatazama tivii muda kidogo. Akasema kwa sauti ya chini, kama mtu anayemwambia mgonjwa, "Papa, hii ni sitini." Na kwamba kwa Uncle Bonface yeye huwa hachezi. Bonface hutazama taarifa ya habari na mpira wa kweli.

Hakulia. Angelia ingekuwa afadhali.

Jumapili, 10 Agosti

Kanisani tumekaa kiti kimoja. Nimetoka mbio hadi kwa Mudi baada ya ibada. Mashine yangu ilishanunuliwa na mtu wa Katelembo. Mudi akasema hata nikiipata haitasaidia, nilichofuta kimefutika. Hakunikumbusha alichoniambia kuhusu tivii. Namchukia kwa ustaarabu huo.

Jioni nilimwomba Kasiva msamaha. Nilisema nilifikiri atanihama. Akanipigapiga mgongoni kama mama alivyokuwa akifanya, akasema ni sawa Papa. Mimi ndiye niliyelia.

Jumatatu, 11 Agosti

Ameondoka. Wiki nzima imekuwa siku mbili. Alisema kuna tuisheni amekumbuka. Nzisa na Bonface wakaja kumchukua. Bonface akanishika kwa mikono yote miwili, akanipa pole ya mama yangu upya, na macho yake yalikuwa na machozi kweli. Mtu mbaya sana.

Kasiva akiwa mlangoni akasema, "Papa, nimekuachia kitu kwa mashine. Uangalie, sawa?"

Kitambaa cha bluu amekiacha juu ya padi.

Baadaye Kavutha akaniambia. Alfajiri, mimi nikikoroma, alikuja kuomba moto akamkuta Kasiva mbele ya tivii, ameshika kijitabu cha programu ya mazishi chenye picha ya mama. Alikuwa anamtengeneza Susu upya. Pua, mashavu, yote. Kavutha anasema amefanana hadi yeye akajikuta amemsalimia kwa Kikamba. Jezi tisa. Na golini amemweka mzee mmoja mwenye tumbo, jina Papa.

Nimekaa mbele ya mashine kwa muda mrefu nikiwa na padi mkononi. Mama zangu wawili wamo humo ndani: mmoja aliyetengenezwa, mmoja aliyemtengeneza.

Jumatano, 13 Agosti

Sijafungua. Na nina sababu! Mama kurudi baada ya mwaka mzima, nimwone akitetemeka kwa hertz sitini? Haiwezekani. Susu atatazamwa kwa heshima yake.

Mpango: nimerudi kwa Mudi, nikamwambia safari hii nataka ile ya kweli. Anachukua tivii hii, mashine, na friji yangu. Ananipa tivii ya mia na ishirini za haki na mashine nyingine iliyotumika kidogo. Desemba Kasiva akija atakuta kila kitu kinateleza, na tutalifunga lile bao.

Mudi akaniuliza kama kuna kitu humo ndani. Hapo nilitabasamu. Kosa lile siwezi kulirudia, mimi si mjinga. Nilikuwa nimekwenda na flashi. Nikaichomeka hapo dukani, nikatafuta mahali pa kunakili, mashine ikaleta maandishi marefu yenye alama nyekundu. Nikayakubali yote. Taa ya flashi haikuwaka, lakini ziko flashi zisizowaka.

Kisha nikafuta mashine mwenyewe, niwe na uhakika imefutika vizuri. Imeniuliza mara mbili, kama kawaida yake. Ndiyo. Ndiyo.

Flashi iko mfukoni, nimeifunga ndani ya kitambaa cha bluu. Tivii mpya inaletwa kesho.