Mkalimani wa Kianjai na Rimu ya Mwalimu Gitobu

Jumatatu, 3 Novemba

Nimetangaziwa vita! Si mimi niliyeanza. Ameanza Mwalimu Gitobu, aliyestaafu ualimu lakini ualimu ukakataa kumwacha. Kamati ya kanisa imemteua Mtunza Saa. Amenunua kengele ya mkononi. Ati mahubiri yawe dakika thelathini, tafsiri ikiwa humo humo, na kengele ikilia kila mtu anyamaze. Kila mtu nani? Ni mimi, Mutembei! Pasta wetu ni mtu wa Embu, huhubiri kwa Kiswahili, na mimi ndiye ninayewapa watu kwa Kimeru. Miaka sita sasa.

Wacha niandike ukweli, kwa kuwa hapa hakuna anayesoma. Shamba langu ni robo ekari. Ng'ombe ni mmoja. Nyumbani mke wangu Felicitas ana neno la kwanza na la mwisho, mimi hupewa la katikati akivuta pumzi. Lakini Jumapili watu mia tatu hunyamaza wakingoja nifungue mdomo. Nikinyang'anywa hilo sina kingine.

Jumapili hii ni ibada ya shukrani. Mgeni ni Mchungaji Ireri kutoka Siakago. Baada ya ibada kamati itachagua mkalimani wa mwaka ujao. Lazima niwe mimi.

Jumanne, 4 Novemba

Mbinu ya kwanza. Nimeingia kanisani nikijifanya nafagia. Nimeng'oa kile chuma cha ndani ya kengele, nikakitia mfukoni. Kengele bubu! Nimerudi nyumbani nikiimba.

Saa kumi jioni: ngo! ngo! ngo! Gitobu ameikuta kengele hailii, akaenda kwa fundi wa magari akapewa rimu ya gurudumu la lori. Ameitundika nje ya dirisha la kanisa. Inasikika mpaka sokoni. Mwenye mashine ya kusaga alizima mashine. Mama wa ndengu alifunika ndengu. Kinyozi alifunga duka mteja akiwa amenyolewa upande mmoja, ati muda umeisha. Muda wa nini? Hakuna aliyeuliza. Nimekirudisha kile chuma kisirisiri, lakini rimu imeshapendwa.

Jumatano, 5 Novemba

Leo vita vimeingia kwenye uwanja wangu. Wakati wa maombi ya jioni, Gitobu alisimama akatangaza kwa Kiswahili cha darasani kwamba Jumapili watu wafike saa tatu kamili asubuhi, si dakika moja baadaye. Nikatafsiri. Nikawaambia kwa Kimeru wafike ng'ombe akishakamuliwa, chai ikishanywewa, na umande ukishakauka kwenye majani ya maharagwe. Nikawataja pia wenye mbuzi. Dakika kumi na moja. Amina ilitikisa mabati!

Gitobu alikuwa akiandika kwenye kijitabu. Ndipo nikakumbuka jambo nililolisahau kabisa. Gitobu ni Mmeru. Amezaliwa hapa hapa Kianjai, na kila neno amelisikia.

Alhamisi, 6 Novemba

Kisasi! Gitobu amemleta Karimi, msichana wa chuo aliye nyumbani kwa likizo. Kwenye mazoezi ya ibada akamsimamisha mahali pangu. Pasta akasema sentensi kumi. Karimi akatumia nne. Nne! Na watu wakaelewa! Cucu mmoja, bibi mzee, alifuta machozi, akasema leo amemsikia Pasta kwa mara ya kwanza tangu aletwe. Kumbe mimi alikuwa akinisikia nini? Imeniuma sana. Nimekula mukimo bila kujua ni mukimo.

Nilimvuta Karimi kando nikamwonya kwamba tafsiri fupi huharibu koo. Akaniambia, "Mzee, mimi nasema tu chenye Pasta amesema." Chenye Pasta amesema! Kijana hana maono.

Jumamosi, 8 Novemba

Mbinu kuu. Asubuhi nimepanda benchi kanisani nikarudisha nyuma saa ya ukutani, dakika arobaini. Dakika arobaini za bure, zote zangu!

Jioni Felicitas, ambaye ndiye mkubwa wa jiko la kanisa, amenieleza kituko. Ati mchana amemkuta Gitobu juu ya benchi hilo hilo, akisukuma mshale mbele. Alisukuma ngapi? Arobaini. Saa iko palepale ilipokuwa.

Felicitas akaongeza kwamba chakula cha kesho kitapakuliwa saa saba, vita viishe visiishe. Siwezi kupigana pande mbili.

Jumapili, 9 Novemba

Watu walifika kati ya saa tatu na saa sita, kila mmoja kwa kadiri ya ng'ombe wake. Gitobu mlangoni, mishipa ya shingo imemtoka. Nilifurahi mno.

Mchungaji Ireri, aliyeketi hapo tangu saa mbili, alisimama akasema: "Mungu ni mwema. Mvua imenyesha. Asanteni." Akaketi.

Akaketi! Sentensi tatu, na mimi nimejiandaa wiki nzima! Nikafunga macho, kama nifanyavyo nikitafsiri, nikaanzia mbali, kabla hata ya mawingu. Nilikuwa bado kwenye kiangazi nikasikia ngo! Je, ninyamaze? Mkalimani hachagui anayezungumza. Nikatafsiri rimu. Nikasema chuma hiki kinatukumbusha safari ndefu kilizotembea. Ngo! Ngo! Nikatafsiri na hizo mbili. Kadiri alivyogonga ndivyo nilivyopata la kusema. Sijawahi kupata mhubiri mzuri kama ile rimu.

Nilipofungua macho kanisa lilikuwa tupu. Dirishani yuko Gitobu, shati limelowa jasho, nyundo mkononi. Alikuwa ameapa kutoacha mpaka ninyamaze. Kumbe Karimi alisimama mapema kwenye viti vya nyuma, akawapa watu zile sentensi tatu kwa Kimeru, wakasema amina wakaenda kula.

Tulikimbia jikoni pamoja. Sufuria zilikuwa zimeoshwa. Hata ukoko hakuna. Felicitas akaniambia, "Baba Kinya, tulipakua saa saba. Sasa ni saa tisa."

Kamati nayo ilishakutana kwenye foleni ya chakula. Ukalimani umepewa Karimi. Rimu imepewa jikoni, Felicitas ndiye atakayeigonga chakula kikiiva. Nilienda nyuma ya choo kulia kidogo. Nikamkuta Gitobu hapo tayari, naye analia.

Jumatatu, 10 Novemba

Nimetafakari tangu asubuhi. Nimeona kosa langu. Nilichelewa kuanza, na nilikuwa mfupi mno.

Gitobu amekuja kunywa chai. Tumefanya amani, tukaungana: yeye saa, mimi lugha. Tumekwenda pamoja kwa mwenyekiti wa kamati ya maji kujitolea. Alishangaa. Akasema wanachama wake wote kumi na wawili ni Wameru, huongea Kimeru, na mkutano huisha kwa dakika ishirini. Nikamwambia hapo ndipo penye shida: miaka yote hiyo hakuna aliyewahi kuwaeleza wanachoambiana.

Mwenyekiti akatutazama. Gitobu akaangalia saa yake. Nikafunga macho, nikaanza kutafsiri.