Mtoto Aliyezidi kwa Lugha Tatu

Kwa heshima na taadhima, Kamati ya Kubaini na Kulea Watoto Wenye Vipaji vya Lugha Mbili, Tawi la Johannesburg, inautangazia umma kwamba kipaji kimepatikana. Kilipatikana Jumamosi, katika ukumbi wa kanisa ulio juu ya duka la jumla la mablanketi katikati ya jiji, na utaratibu wote ulifuatwa. Mimi, Moffat, mwenyekiti, ndiye niliyeuandika utaratibu huo, kwa hiyo najua ninachosema. Matawi mengine hatuna, lakini neno tawi linapendeza kwenye barua.

Wajumbe wanaohudhuria ni wawili: mimi, mtu wa benki, na katibu wetu Serah, mhadhiri kwenye chuo kimoja pale Doornfontein. Sote ni Wakenya, sote tunakipenda Kiswahili kufa kupona, na watoto wetu hawakijui. Ndiyo maana tunafaa. Tatizo tunalifahamu kwa karibu, linalala chumba cha pili.

Ofisi ya elimu ilitupa nafasi moja. Mtoto mmoja mwenye lugha mbili angepelekwa shule nzuri, yenye walimu wa kukilea kipaji chake, na mzazi asitoe hata senti. Tulitafuta kwa haki, wakabaki wawili.

Wa kwanza alikuwa Valerie, ambaye kwa bahati tu ni binti yangu. Lugha yake ya kwanza ni Kiingereza. Ya pili ni Kiswahili, ambacho hukielewa vizuri chakula kikiwa mezani. Watu wa mtaa wetu wa Yeoville walinung'unika kwamba maswali ya usaili yalimpendelea, hasa lile la tatu: "Taja benki anayofanyia kazi baba yako." Niliwaeleza kwamba swali hilo lilikuwa wazi kwa watoto wote.

Wa pili alikuwa Masika, mtoto wa Mama Mamie, msusi wa Yeoville aliyetoka Butembo, Kongo. Shuleni kwake walikuwa wamemtia katika darasa la watoto wazito wa kuelewa, kwa sababu muhula wake wa kwanza hakutamka neno hata moja. Asipopata nafasi yetu, angebaki humo mwaka mwingine mzima. Tulipomhoji tukagundua kasoro kubwa zaidi. Mtoto anasema Kinande, Kiswahili, Kifaransa, Kiingereza na Kizulu. Yeye ndiye anayemsemea mama yake kwa nesi kliniki, na majirani wakienda kufuata vibali vya kuishi, humbeba yeye kwanza na pasipoti baadaye. Lugha tano. Mpango wetu ni wa lugha mbili. Alikuwa amezidi kwa tatu.

"Hatuwezi kumpunguza?" Serah aliniuliza.

"Tumpunguze aje?"

"Si achague mbili tu, hizo zingine aachane nazo."

Tulimwita tukamweleza. Masika alifikiri, kisha akauliza ni nani atakayemsemea mama yake kwa zile tatu. Swali hilo halikuwamo kwenye utaratibu, kwa hiyo hatukulijibu.

Ikafika siku ya kutangaza. Ofisi ilimtuma Bi. Hlengiwe aje asikie uamuzi wetu na kuuthibitisha papo hapo. Kwa kuitukuza lugha yetu mbele ya mgeni, nilipitisha kanuni: ukumbini ni Kiswahili fasaha pekee, na atakayetamka Kiingereza atatolewa nje. Tangazo tulilibandika mlangoni kwa Kiingereza, ili lieleweke. Wa kwanza kutolewa alikuwa Serah, aliyesema "okay" nilipokuwa ninafungua kikao. Aliendelea kuandika kumbukumbu akiwa kwenye korido, kupitia dirishani.

Nilimkaribisha mgeni kwa hotuba ambayo hata mimi iliniliza. Nilipomaliza, Bi. Hlengiwe, ambaye tangazo alikuwa amelisoma na kuliheshimu, alinijibu kwa Kizulu. Hakuna aliyekuwa amefikiria kwamba mgeni wetu, mwenyeji wa nchi tuliyohamia, huenda hajui Kiswahili. Mimi nimeishi Johannesburg zaidi ya miaka kumi, na kwa Kizulu ninajua salamu mbili, ambazo nasikia ni moja.

Hapo Masika akainuka bila kuitwa, akaenda kusimama kando ya kiti cha mgeni, mikono nyuma, vile anavyosimama kliniki.

"Anauliza mumeamua nini," alisema.

Nilifarijika, siwezi kuficha. Nikasoma: "Kamati, baada ya tafakuri ya kina, imejiridhisha kuwa mtoto Masika amepoteza sifa kwa kuzidisha, na imempitisha mtoto Valerie."

Masika akamtazama mama yake, akamtazama mgeni, akatafsiri. Alitafsiri kwa utulivu na kwa kirefu kidogo kuliko nilivyotarajia. Bi. Hlengiwe akaweka mkono kifuani. Valerie, kwenye kiti cha mbele, akauficha uso ndani ya koti lake, mabega yakimtikisika. Nilidhani ni furaha ya ushindi.

Mama Mamie akasimama. Yeye alikuwa amenisikia vizuri. "Papa Président," alisema, "mutoto yangu hana shida mu kichwa. Nyumbani anasemaka mupaka tunachoka. Mukimurudisha kule, ataisha."

Nilimhurumia kweli. Nilimwambia, "Mama, nimekusikia. Moyo unaniuma, lakini utaratibu ni utaratibu."

Masika akayatafsiri na hayo. Bi. Hlengiwe akafuta jicho, kisha akazungumza muda mrefu, akininyooshea mkono, akimwonyesha mtoto, akiwageukia wazazi.

"Anasemaje?" niliuliza.

"Anasema sawa."

"Mbona amesema maneno mengi?"

"Ni sawa sana."

Masika akarudi kwa mama yake, akamnong'oneza kwa Kinande. Mama Mamie akakaa polepole, akajiziba mdomo kwa kitenge. Nikaona wamepokea uamuzi kiungwana, nikafunga kikao.

Kanuni ilikoma chai ilipoletwa. Bi. Hlengiwe alinikumbatia nikiwa na andazi mdomoni, akageukia Kiingereza. Alisema tangu aanze kazi hajawahi kuona mwenyekiti akimwondoa binti yake wa kumzaa ili mtoto wa msusi apate nafasi. "Na ukasimama mbele ya watu," alisema, "ukakiri kwamba anayehitaji kusaidiwa lugha ni wewe mwenyewe. Masika anaanza Jumatatu. Na wewe, kama ulivyoomba, nimekupatia darasa la Kizulu la kila Jumamosi."

Nililimeza andazi zima zima. Njia zilikuwa mbili. Ningeweza kusema mtoto amenizulia, lakini hapo ningeutangazia umati kwamba mwenyekiti wa vipaji vya lugha alikaa kikao kizima bila kuelewa kinachosemwa. Au ningeweza kushukuru. Nilishukuru. Wazazi wakapiga makofi, na Serah, ambaye alikuwa hajaambiwa kwamba anaweza kuingia, akayaandika yote kupitia dirishani.

Tukirudi nyumbani, gari liliposimama kwenye robot, kama wanavyoziita huku taa za barabarani, nilimuuliza Valerie kama alielewa alichokuwa anasema yule mtoto.

"Kila kitu," alinijibu kwa Kiingereza chake. "Tunasoma Kizulu tangu darasa la kwanza, Dad. Ndiyo lugha tunayocheza nayo."

"Kwenye usaili mbona hukusema?"

"Hamkuniuliza. Mliniuliza benki."

"Na leo mbona hukumsimamisha?"

"Eish, Dad. Alikuwa anatafsiri vizuri kuliko ulivyokuwa unasema." Akatazama nje kidogo. "Lakini ile ya moyo kukuuma aliisema vile vile. Hakubadilisha."

Nyuma yetu walishaanza kupiga honi. Taa ilikuwa ya kijani, nami nilikuwa nimeduwaa. Mtoto wa lugha mbili kamili, si pungufu si zaidi, alikuwa amekaa kwangu miaka yote akila wali wangu, na kamati ilikuwa imemtafuta kwa lugha isiyokuwa yake. Nafasi ilikuwa imekwisha kwenda. Nilikasirika hadi kwenye robot iliyofuata, kisha nikachoka kukasirika.

Sasa ninahudhuria darasa. Linafanyika kwenye shule ile ile aliyotoka Masika, kwenye viti vya watoto, magoti yakinifika kidevuni. Mwezi umekwisha na sijatamka neno. Si kwamba sina la kusema. Kazini ninasimamia idara nzima ya mikopo, watu wananingoja mlangoni wanisikilize. Lakini maneno yakinifika mdomoni hayaoni pa kutokea, na wenzangu wakicheka ninahisi wananicheka mimi. Kwa hiyo ninanyamaza.

Jumamosi iliyopita mwalimu aliniinamia, akaniuliza jambo taratibu, kwa sauti ya juu, kama mimi ni kiziwi. Nilitazama dawati. Akaenda mlangoni kushauriana na mwenzake, wakanigeukia wote wawili na huruma ninayoifahamu, maana niliwahi kuitumia. Kisha yule mwenzake akaja, akanishika mkono, akanivusha korido hadi lile darasa la wazito wa kuelewa.

Nilioneshwa kiti cha nyuma, karibu na dirisha. Kwenye ubao wa dawati lililokuwa mbele yangu mtu alikuwa amechora jina kwa ncha ya bikari, polepole na kwa mwandiko mzuri, kama mtu aliyekuwa na muda mwingi na hakuna wa kuzungumza naye. Masika.

Nilikaa.