Kijitabu Chini ya Kikombe cha Kahawa

Jumatatu, 7 Februari 1994

Theluji hadi magotini. Jaji Halvorsen amenipa kesi! Mimi, karani wake wa miezi mitano! Mzee Budzynski, mstaafu wa kiwanda cha ngozi hapa Milwaukee, amesimamishiwa pensheni. Kosa lake: anashona glavu za besiboli zilizochanika. Wadhamini wa mfuko wa pensheni wanasema amerudi kwenye kazi ya ngozi, na anayerudi kazini halipwi. Jaji anataka maoni yangu Alhamisi: mahakama zilizotutangulia zilisemaje? Karani mwenzangu, Lorna Tischler, alisema nikishindwa nimwachie. Simwachii ng'o.

Jumanne, 8 Februari

Nimeipata! Hukumu ya 1979, katika buku kubwa la muhtasari wa hukumu. Msindika ngozi mmoja alistaafu, akaenda kushona viatu, akakosa pensheni. "Ngozi ni ngozi," aliandika jaji. Maneno matatu! Nilisimama kama niko kanisani. Jaji yule alishafariki, na bado anasema, na walio hai wanatii. Namwonea huruma mzee, lakini mimi ni nani?

Lorna asiione. Nimelificha buku drooni. Halikuingia. Nikachomoa kile kijitabu cha nyongeza, cha hukumu mpya, kinachochomekwa kila mwaka kwenye mfuko wa jalada la nyuma. Likaingia barabara! Kijitabu nimekiweka chini ya kikombe cha kahawa. Meza ya serikali isichafuke.

Jumatano, 9 Februari

Lorna amelitafuta buku asubuhi nzima. Nilimwambia vitabu havina miguu. Akasema na mimi sina haya. Anabahatisha tu.

Mchana kesi ilisikilizwa. Mzee alikuja na glavu ya mtoto mkononi. Jaji alimwuliza kama amerudi kwenye kazi yake ya zamani. "Mheshimiwa, tangu nistaafu ng'ombe sijamwona, ila kwenye sahani." Hata wakili wa wadhamini alicheka. Mimi sikucheka. Maoni yangu yalikuwa yameshachapwa: mzee ashindwe.

Alhamisi, 10 Februari

Jaji alikuja mwenyewe mezani kwangu. Alisoma amesimama. Akauliza nyongeza inasemaje. Nikauliza, nyongeza ipi, Mheshimiwa? Akainua kikombe changu.

Hukumu mpya ilikuwemo, ndani ya duara la kahawa! Mwaka 1991 mahakama ya rufaa, iliyo juu yetu, iliitengua ile ya 1979. Kazi inayozuiwa ni ile tu iliyotajwa katika masharti ya mfuko siku mtu alipostaafu. Ya mzee yalitaja kusindika. Kushona, hakuna.

Kisha Jaji akaitaja, kwa kichwa tu, hukumu iliyoizaa hiyo ya 1991, na iliyoizaa hiyo nayo, na bibi yao wote, kama mtu anayehesabu ukoo wake. Nilisahau kuogopa. Akanikumbusha: "Kijana, ungemlaza mzee wa watu na njaa."

Lorna alininong'oneza kwamba vitabu havina miguu, lakini mifuko vinayo.

Ijumaa, 11 Februari

Mzee ameshinda! Alinikumbatia koridoni huku akilia, akanishukuru mimi! Akaahidi kunishonea glavu. Sikuweza kumtazama.

Jaji amenipa kesi nyingine, ya pensheni ya muuguzi. Nimeshapata hukumu ya 1976, nzuri ajabu, nilisisimka mwili. Buku hili ni nene zaidi, droo imelikataa, na Lorna huyo anakuja. Nimelikalia. Nyongeza yake ilikuwa inanichoma, nimeichomoa. Ila sikuiweka chini ya kikombe, mimi si mjinga. Imekaa vizuri chini ya mguu wa kiti unaoyumba.