Kivumishi cha Sabuni ya Waridi

Jumatatu, 4 Machi

Leo nimezaliwa mara ya pili. Mahali pa kuzaliwa: kwa kinyozi.

Nianze mwanzo. Asubuhi Bi Mkubwa, mwenye kiwanda chetu cha sabuni, alitukusanya mbele ya masufuria. Kasema Ijumaa anakuja mnunuzi wa mahoteli makubwa. Sabuni yetu mpya, ile ya rangi ya waridi, haina budi kuwa na neno la Kiingereza kwenye lebo. Moja tu, lakini zito. Atakayelileta atakuwa meneja wa mauzo.

Meneja! Ofisi yenye dirisha. Kiti cha kuzunguka! Kiti kile kiko wazi tangu meneja wa zamani astaafu. Bi Mkubwa akitoka huwa nakikalia na kuzunguka mpaka naona ukuta umelala.

Tai naye alikuwa anakipigia hesabu. Tai ni mwenzangu wa mauzo. Tunamwita hivyo kwa sababu havui tai hata akikoroga sabuni ya moto. Ina madoa ya kila sabuni tuliyowahi kutengeneza. Watu wanamwona nadhifu. Mimi namwona mwenye shingo ndefu.

Jioni, kinyozi. Kwenye benchi kulikuwa na kitabu cha Kiingereza kisicho na jalada. Nikakifungua katikati nikiwa nanyolewa. Neno likanikodolea macho: noisome. Maneno mengine ya ukurasa ule sikuyaelewa, lakini hilo nililielewa papo hapo, kwa mlio wake. Handsome ni mtu mwenye sura nzuri. Awesome ni jambo la kustaajabisha. Noisome ni wa ukoo huohuo, na damu haifichiki. Noise ni kelele. Kwa hiyo noisome ni kitu ambacho watu wanakipigia kelele kwa uzuri wake. Kitu kinachovuma!

Niliruka kitini. Kinyozi alikuwa ameshanionya nisitikisike. Sasa nina nyusi moja na nusu.

Shangazi, ninayekaa kwake, aliniuliza nani kanipiga. Nikamweleza habari ya neno. Akauliza kama nimelitafutia maana. Nikamjibu kwamba anayetafuta ni aliyepoteza. Akarudi kwenye cherehani yake akiguna.

Jumanne, 5 Machi

Ushindi. Ushindi mtamu!

Tai ndiye aliyeanza. Alileta neno "clean". Bi Mkubwa akamwuliza kama kuna sabuni chafu. Wapakiaji wakacheka. Mimi nilicheka baada ya wote, ili kicheko changu kisikike peke yake.

Halafu nikasimama. Nikalitamka polepole, noi-samu, kama mtu anayefunua zawadi. Bi Mkubwa akalirudia. Akalirudia tena akiwa amefumba macho. Kasema ulimi unateleza kama uko bafuni. Tai akauliza lina maana gani. Nikamwambia ni kivumishi. Akakaza tai yake, maana hakutaka kuuliza kivumishi ni nini.

Bi Mkubwa kanituma kwa Mchapaji siku hiyohiyo. Mchapaji ni mwanamke mwenye wino kwenye vidole vyote na kipini kidogo puani, na akiinama juu ya mashine yake mimi husahau nilichofuata. Nimewahi kwenda pale kuchapisha risiti tulizokuwa nazo tele.

Alisoma karatasi yangu. Akanitazama usoni, kwa muda mrefu, bila kupepesa. Akauliza kama nina uhakika na neno lile. Nikasema ninao. Akauliza tena, kwa sauti ya chini zaidi. Akauliza kama anaweza kumpigia Bi Mkubwa simu kwanza. Nikasema hapana, hii ni siri ya biashara.

Kwa nini mwanamke amtazame mwanamume hivyo na kumwuliza jambo moja mara mbili? Mimi si mtoto. Ananipenda.

Jumatano, 6 Machi

Tai ni mwizi!

Nimefika kazini nikamkuta ofisini kwa Bi Mkubwa, tai imekazwa, uso wa mnyonge. Amemwambia kwamba noisome ni neno lake, kwamba alinidokezea wiki iliyopita tukiwa tunakata miche ya sabuni, na kwamba mimi nimelichomoa kinywani mwake. Nilicheka kwa dharau. Kicheko kikanipalia. Nikakohoa, na kukohoa kukaonekana kama hatia.

Bi Mkubwa akatutoa mbele ya wafanyakazi wote. Akamtaka Tai aape. Tai akainua mkono akaapa kwamba neno ni lake, kalizaa yeye, na yuko tayari kubeba lolote litakalotoka nalo. Mimi pia niliapa, lakini nilikuwa wa pili, na kiapo cha pili huwa kimepoa.

Hukumu ya Bi Mkubwa: Ijumaa nitaanza mimi kulieleza neno mbele ya mgeni, kwa kuwa ndimi niliyelileta. Tai atafuata. Atakayelieleza vizuri ndiye baba yake halali, na kiti ni chake.

Basi nimeanza kulitumia kila mahali, watu wajue mwenyewe ni nani. Nimemwambia Bi Mkubwa kilemba chake ni noisome. Akafurahi, akajitazama kwenye dirisha. Nimemwambia mpishi wa kazini mboga zake ni noisome. Kaniongezea. Nimemwandikia mwenye nyumba kadi kwamba nyumba yake ni noisome. Huyu ni msomi wa zamani na hakujibu kitu, lakini jioni alikuja na fundi kukagua mabomba ya choo. Huduma ambayo tumeiomba tangu mvua zilizopita! Nguvu ya neno moja!

Shangazi kauliza tena kama nimelitafutia maana. Nimemwonyesha fundi.

Alhamisi, 7 Machi

Lebo zimefika. Waridi kwa dhahabu, na neno langu katikati limekaa kama bibi harusi. Mchapaji alizileta mwenyewe. Aliniambia nisogee pembeni, ana jambo la kuniambia. Moyo ulipiga sarakasi. Nikamwambia najua tayari, asihangaike, lakini tusubiri mpaka Ijumaa ipite, kila kitu kina wakati wake. Akaniuliza unajua nini. Nikajiwekea kidole mdomoni, ishara ya siri. Akaondoka akitikisa kichwa. Aibu ya mwanamke aliyelelewa vizuri.

Mchana tumebandika lebo mpaka vidole vikawa na gundi. Tai amebandika kwa bidii kuliko wote, akinong'ona neno kila anapopiga gumba. Anajizoeza! Nikaona nami nisilale.

Mpango: kujizoeza kwa sauti ya kushinda masufuria, ili kesho nikizungumza ukumbi utetemeke. Nilisimama katikati ya chumba cha kuchemshia, mivuke ikinipanda, nikapaza: noisome ni kinachovuma kwa uzuri, sabuni hii ni noisome, mahoteli yenu yatakuwa noisome, wageni wenu watarudi makwao wakiwa noisome! Nikarudia. Nikarudia. Wachemshaji walitoka nje, nikadhani wananipisha kwa heshima. Kumbe ni saa ya kumwaga magadi, na moshi wake mtu hauvuti akiwa mdomo wazi.

Nimerudi nyumbani. Shangazi kanisalimia. Nikafungua mdomo kuitikia. Hakikutoka kitu. Hewa tupu, kama baiskeli iliyotoboka.

Maji ya chumvi. Hakuna kitu. Asali. Hakuna kitu. Shangazi kasema nyumba haijawahi kuwa na amani hivi.

Ijumaa, 8 Machi

Nianze na koo.

Sauti hakuna. Nilimwonyesha Bi Mkubwa koo langu kwa vidole. Akaguna, akamgeukia Tai akamwambia ataeleza peke yake. Tai alinipapasa bega. Kasema pole, kaka. Kaka! Nilitamani kumnyonga, na kamba alikuwa nayo tayari shingoni.

Mnunuzi alikuwa mama wa makamo, mpole, miwani imening'inia kwenye mkufu, Kiswahili na Kiingereza vyote anavimwaga kama maji. Alikaa. Sabuni ikawekwa mbele yake kwenye sahani. Nilisimama nyuma ukutani nikiwa bubu, machozi yananilenga, nikimsikiliza mwizi akifungua mdomo kwa neno langu.

Na alizungumza vizuri, laana imshukie. Kasema sabuni yetu ndiyo noisome kuliko zote duniani. Kasema mgeni akioga nayo, hata mlangoni watu watajua kwamba mtu noisome anakuja. Kasema hatutaki mahoteli yake yawe mazuri tu, tunataka yawe noisome kila chumba, kuanzia jikoni.

Mnunuzi alikuwa ameshainua sabuni kuinusa. Akaishusha. Akavaa miwani, akasoma lebo. Akamwuliza Tai kwa upole kama anajua maana ya neno lile. Tai akasema ndiyo mama, ni kinachovuma kwa uzuri. Neno kwa neno, kama nilivyolipaza kwenye mivuke!

"Mwanangu," mnunuzi akasema, "hilo neno halihusiani na kelele hata kidogo. Lina maana mbili. Ya zamani ni kitu kinachodhuru. Ya siku hizi ni kitu kinachonuka vibaya, kama mtaro ulioziba."

Nilisikia sufuria zikichemka chumba cha pili.

Bi Mkubwa alijishika kilemba. Akauliza, bila kumtazama mtu, kama hakuna maana ya tatu. Mnunuzi akasema hakuna.

Hapo Tai akaninyooshea kidole. Kasema neno ni langu, nililileta mimi, yeye hajawahi kulisikia kabla ya Jumanne! Watu wote wakanigeukia. Nilifungua mdomo kujitetea na hewa ikatoka. Nikafunga mdomo. Nikainamisha kichwa. Sikuwa na la kufanya jingine.

Bi Mkubwa akamtazama Tai. "Juzi uliapa kwamba umelizaa wewe," akasema. "Leo mtoto kanuka, umemkana."

Mnunuzi alikuwa amekwangua lebo kwa ukucha na sasa anainusa sabuni yenyewe. Akanusa tena. Akaanza kucheka, akacheka mpaka miwani ikaanguka kifuani. Kasema sabuni inanukia vizuri ajabu, kinachonuka ni maandishi yake. Ataichukua kwa mahoteli yote, mradi lebo zibanduliwe.

Tai kapewa kazi ya kubandua. Zote. Na gundi ile naijua, niliichagua mimi.

Na mimi? Bi Mkubwa kaniita ofisini. Kasema kiwanda kimejaa midomo, na leo ameona mtu mmoja tu aliyetupiwa lawama mbele ya mgeni akajua kunyamaza. Meneja wa mauzo anatakiwa kuwa na kifua cha namna hiyo.

Nimekaa kwenye kiti. Nimezunguka mpaka nimetapika kidogo.

Jumamosi, 9 Machi

Sauti imerudi, nzito kidogo, inafaa cheo.

Nimelitafakari jambo la jana kwa utulivu wa kimeneja. Nimeona kosa liko wapi. Tai alilitamka vibaya. Alivuta "noi" kupita kiasi. Neno ukilivuta linachacha, kama maziwa. Ningelitamka mimi, mama yule angepata maana nyingine kabisa.

Shangazi kasema mnunuzi ametaja maana mbili na zote ni mbaya, nataka nini tena. Nikamwambia Kiingereza cha mahoteli si Kiingereza chote. Kauliza kwa nini basi mwenye nyumba alileta fundi wa choo. Sijaona uhusiano.

Nimekwenda kwa Mchapaji kuagiza lebo mpya, kwa amri ya Bi Mkubwa: Kiswahili, neno "Waridi", basi. Alikuwa anatabasamu kabla sijafika mezani. Habari zimemfikia. Kasema alijua tangu Jumanne, alijaribu kuniambia mara tatu, mara ya mwisho nikajiwekea kidole mdomoni. Kisha akaegemea mashine, kipini kikimeta, akasema:

"Siku nyingine ukipata neno, niletee mimi kwanza nikusomee. Sitakucheka. Nitacheka kidogo."

Nimerudi nyumbani kwa miguu na sikumbuki njia niliyopita. Niletee mimi kwanza! Anataka neno. Anataka neno lake mwenyewe.

Jumapili, 10 Machi

Nimebadilika. Mtu akiumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Kuanzia leo silitumii neno kwa kusikia tu. Nimenunua kamusi! Ilikuwa imelala mezani kwa muuza vitabu wa barabarani, nikaichukua bila kubembeleza bei. Shangazi alipoiona mikononi mwangu alishika mlango asianguke. Kaniita mwanangu, kanipa kipande kikubwa cha keki.

Nimetafuta tangu asubuhi neno la kumsifia Mchapaji uzuri wake. Ilinibidi nipite maneno mengi ya kawaida. Halafu nikaliona: fulsome. Full, yaani tele. Na some, ule ukoo wetu wa heshima. Lakini safari hii sikukurupuka. Nimesoma maana mpaka mwisho, naiandika hapa kama ilivyo: "-a kupita kiasi, hasa sifa za kujipendekeza, -a kukirihisha."

Kupita kiasi: ndivyo alivyo. Sifa: ndizo ninazompa. Kujipendekeza: si ndicho ninachofanya! Kukirihisha silijui vizuri, lakini mlio wake unasikika. Linatoka kwenye karimu.

Kadi iko tayari, kwa wino wa dhahabu: "Kwako wewe, mwenye uzuri fulsome." Nimeipitisha chini ya mlango wa duka lake ili kesho akifungua iwe kitu cha kwanza anachokiona.

Alisema nimletee neno kwanza. Nimemletea.