Mukono Yenye Iliandika Ku Ukuta ya Mama Marceline

Leo asubui, huku Katuba, ukuta ya nganda, bar kidogo ya Mama Marceline, imeamuka na herufi nyekundu: À DÉMOLIR, ni kusema ya kubomoa. Kaka yake aliuzisha parcelle, kiwanja yote, kwa patron moja, tajiri wa kujenga ma-appartements. Inabakia siku tano babomoe. Njo hapa ba-peintre na bapiga muziki ba Katuba banakunywaka lutuku, pombe ya hapa kwetu, na kufanyia kazi yabo. Miye sisahabu: atelier ya bachongaji ilikuya kuwa station ya mafuta, sinema ikakuwa kanisa. Ilibakia paka hapa tu.

« Banasema patron atajenga hapa lounge, bar ya bei kali, ya ba-artiste, » Zakari, mupiga gitare tunamuitaka Corde-Tatu, akaanza.

« Artiste gani? Wee na ile sapatu yako yenye kutoboka? » Mumba, peintre, akamucheka. « Sentinelle ku mulango atakuuliza: papa, unaleta makala ya kupikia? »

« Na ma-tableau ya ku ukuta? Nani atabachorea? » Zakari akauliza.

« Batanunua ku Chine, na cadre yake ya mbao, sawa vile banauzishaka sahani! »

Floribert, mwandishi wa ma-enseigne ya maduka, tunamuitaka Majuscule, ni kusema Herufi-Kubwa, alikuwa anaangalia kopo yake. Mumba akasimama, akaenda kugusa ukuta.

« Eh, Zakari, kuya uone hii R. Mukia inapinda sawa ya mbuzi. »

« Ile R iko ku enseigne ya Kiki, ule wa salon ya nywele. »

« Iko ku pharmacie pia! »

« Na ku mulango ya kanisa yetu, » Mama Marceline akasema polepole.

Shiye bote tukamugeukia Majuscule.

« Ilikuwa kazi, bandugu. Kama nilikatala, mwengine alikuwa ataandika. »

« Mwengine alikuwa ataandika vibaya! » Mumba akapiga meza. « Wee, yako bantu banasoma toka barabara! »

« Patron alisema na enseigne ya lounge nitaandika miye… »

« Miaka kumi na mbili, » Mama Marceline akamukatiza, « ma-enseigne yako unaandikiaka ku meza yangu, mvula ikinyesha. Sikukufukuza hata siku moja. »

Akaingia ndani, akatoka na rangi nyeusi na pinceau.

« Sainia. »

« Mama? »

« Kazi yako yote unasainiaka. Bantu bajue nani alinifanyia hii. »

Majuscule akakamata pinceau. Tukafikiri atalia. Akainama chini ya À DÉMOLIR, akaandika FLORIBERT, bien droit, herufi zote zimenyooka. Kisha, bila kufikiri, akaongeza numéro ya téléphone.

« Andika na ya WhatsApp, » Corde-Tatu akamuambia, « patron mwengine asikukose. »