Nani Atakaa Kuume kwa Feza

Jumatatu, 4 Shaabani 1305
Hina ya Feza ni Alhamisi. Ijumaa ndoa, Jumamosi mumewe anampeleka Kabambare. Kabambare! Nitamwona lini tena?

Siku ya hina mikono ya bibi arusi hufungwa majani, hawezi kushika kitu. Anayekaa mkekani kuume kwake ndiye humlisha. Mimi ni shangazi yake. Mama yake alipofariki, mtoto huyu nimemlisha mimi, uji kwa wali. Sasa Faida, mama yake mdogo, anatangaza Kasongo nzima kwamba kuume ni kwake. Ati damu ya mama! Uji alikuwa anapika nani?

Jumanne, 5 Shaabani
Nimekwenda kwa Bi Mwamvita, mpakaji hina, maana ndiye anayepanga watu mikekani. Nimempelekea kikapu cha mchele mpya. Amepokea kwa mikono miwili, ameniombea dua ndefu. Natoka, naona uani kuku wa Faida amefungwa mguu. Amenitangulia! Nimeuliza basi nani atakaa kuume. Bi Mwamvita amesema atafuata desturi. Desturi ipi, hakusema.

Jumatano, 6 Shaabani
Nimepata! Leo tukitwanga mpunga nimesema, kama mtu asiye na haja, kwamba siku hizi pwani mahali pa heshima ni mlangoni. Mimi pwani sijafika. Hata Ujiji sijafika. Lakini hapa kwetu ukitaja pwani tu, kila mtu anajiweka sawa nguo, asije akaitwa mshenzi. Faida amedakia kwamba hilo analijua zamani, marehemu mumewe alimweleza. Mwongo! Vizuri. Akae mlangoni na kuku na moshi wa jikoni.

Alhamisi, 7 Shaabani
Balaa. Wanawake wamejaa, Bi Mwamvita akasimama akasema leo mambo ni ya pwani, mwenye heshima akae mlangoni. Na nani mwenye heshima kumshinda shangazi aliyelea? Vigelegele! Wakanishika mkono, wakanikalisha kizingitini, wakaniwekea na mto. Ningesema nini? Kwamba nimedanganya?

Faida akainamisha kichwa kwa unyenyekevu, akasema yeye atavumilia pale chini, kuume kwa bibi arusi. Atavumilia!

Kuku kapita mapajani mwangu. Moshi wote wangu. Namwona Faida anafinyanga tonge la wali na sombe ya majani ya muhogo, kubwa kupita kinywa cha mtoto. Feza anatafuna, ananitazama. Nikalia. Jirani akaniuliza kulikoni, nikasema moshi.

Mara Feza akainuka, mikono juu, majani yanapukutika, Bi Mwamvita anapiga kelele hina itaharibika. Akasema amesikia pwani bibi arusi hula mlangoni. Watu wakatazamana. Nani atabisha? Akaketi kushoto kwangu, kuume kwake nikawa mimi, akafungua kinywa kama zamani akiwa hana meno. Nikamlisha. Akaninong'oneza kwamba tangu jana alijua maneno ya pwani yametoka kwa nani. Mtoto wangu huyu! Hina imenichafua kaniki nzima. Siifui.

Faida akatufuata na sinia, akajibana upande wa pili. Nimemwacha. Wali wenyewe alipika vizuri, nakiri.

Ijumaa, 8 Shaabani
Ndoa imefungwa. Nimelia. Faida amelia kwa sauti zaidi, makusudi.

Jumamosi, 9 Shaabani
Alfajiri nimekwenda kwa Lukumani, bwana arusi, nimemwarifu kwamba pwani shangazi humsindikiza bibi arusi, akakaa naye mpaka mtoto wa kwanza atembee. Kijana amekuna kichwa. Ameuliza kama ni lazima. Nimesema kwa waungwana, ndiyo. Amekubali! Feza amecheka mpaka amekaa chini.

Naandika mzigo umeshafungwa. Ndiyo kwanza Faida anaingia, mkeka wake kichwani. Ati amekumbuka kwamba pwani mama mdogo naye husindikiza, tena hutangulia mbele, shangazi nyuma. Jamani, watu hawaogopi uongo! Pwani kaiona wapi huyu?

Haya, atangulie. Tukifika njiani nitawaambia kwamba pwani anayetangulia ndiye hubeba vyungu.