Naomba Kicheko Changu Kitolewe Kwenye Kipindi Chako

Kakuma, Juni 2013

Kwa Ndugu Mureithi, Mkuu wa Kipindi cha Vichekesho, Nairobi.

Ndugu yangu, ejok, kama tunavyosalimiana na Waturkana huku. Ni mimi Nyaruach, mwenye hoteli ya chai hapa kambini. Ulipokuwa karani wa serikali Lodwar, kila ulipotumwa Kakuma kikazi ulikaa kwangu ukiandika vichekesho kwenye daftari la ofisi. Nafurahi kwamba uandishi umekupandisha: mwaka jana televisheni ilikuajiri, mwaka huu unaongoza kipindi kizima na waandishi sita wako chini yako. Hongera. Sasa naomba, kwa heshima zote, kicheko changu ukitoe humo. Sababu zangu ni hizi:

1. Mwaka jana ulinisimulia habari ya mbuzi wa Lokichar aliyekula hotuba ya mgeni rasmi, na mgeni akabaki anamwangalia mbuzi mdomoni akitafuta aya ya pili. Nilicheka mpaka nikashika nguzo. Ulikuwa na kinasa sauti. Ukasema, "Nyaruach, naomba nikitumie kicheko hiki." Nikakubali. Nilidhani nimemkubali mbuzi peke yake. Sasa kila Alhamisi, kipindi chako kikionyeshwa, nasikika nikicheka kila kitu. Wiki moja mtu aliteleza kwenye sabuni mara tatu, nami nikacheka mara tatu. Kanisani mama mmoja aliniuliza, "Sabuni imekufurahisha nini?"

2. Mwezi wa tatu mlimdhihaki mkimbizi aliyepanga foleni ya chakula akiwa amevaa koti la msaada. Mureithi, foleni ile nimeipanga miaka kumi na tisa. Hoteli yangu ilikuwa imejaa watu wakitazama televisheni. Hakuna aliyecheka ila mimi, ndani ya televisheni, huku mwenyewe nimesimama na birika, mdomo nimeufunga. Watu wawili waliacha chai yao mezani.

3. Mwezi wa tano Mzee Gai alikuja hotelini na ndugu zake kumposa mdogo wangu, Nyaboth, kwa niaba ya mwanawe. Alikuwa anaeleza kwamba ng'ombe wake wako mbali, ng'ambo ya mpaka, tumvumilie. Hapo hapo televisheni ikacheka kwa sauti yangu. Mzee akaweka kikombe chini.

"Unanicheka?"

"Sijacheka, mzee. Ni televisheni."

"Nimekusikia kwa masikio yangu."

Wakaondoka. Nyaboth hakula siku mbili.

4. Nilimfuata mzee kumwomba radhi. Akasema, "Basi cheka, nilinganishe." Nilijaribu, Mureithi. Nilimkumbuka hata yule mbuzi. Ikatoka sauti kavu ya kukohoa. Mzee akanitazama kwa huruma: "Kweli, si wewe." Posa ikarudi, harusi ni Agosti. Lakini mimi nilirudi nyumbani na woga ambao sikuwahi kuujua. Kicheko kizuri unacho wewe Nairobi, na mimi nimebaki na kikohozi.

Kwa hiyo kitoe. Ikishindikana, kila mzaha uletwe kwanza Kakuma, nisomewe. Nisipocheka, mwandishi wake apelekwe Lodwar akapange mafaili, kama ulivyokuwa ukipanga wewe.

Wasalimie mkeo Shiko na watoto, na waandishi wote sita, hata yule wa sabuni. Nyaboth naye anakusalimu, ingawa hajakusamehe.

Ni mimi niliyekupa kicheko kwa moyo safi,

Nyaruach Gatdet

N.B. Kabla sijaifunga barua hii, Alhamisi imefika. Kumbe mmeshanitoa na kumweka mama mwingine! Ni nani huyo? Anacheka kwa pua, tena kabla mzaha haujafika. Wateja wananiuliza nimefukuzwa kwa kosa gani. Mtoe leo hii. Nafasi hiyo ni yangu.